Kiti si kazi: safari ya Sue Ellspermann, kutoka kiwandani mpaka makamu wa gavana wa Indiana



Leo nitawaeleza safari ya mama mmoja wa Marekani ambaye wengi wetu hatujamsikia. Jina lake Sue Ellspermann. Alikuwa mhandisi, akafungua biashara yake, akaingia siasa na umri wa miaka 50, akawa makamu wa gavana wa jimbo la Indiana, kisha akaacha kiti hicho mwenyewe kabla muda wake haujaisha. Mambo yaliyofuata kisha yeye kuondoka ndiyo yalinifanya nikamate kalamu.

Lakini kwanza niseme sababu yangu. Nilimaliza lisanse ya agronomia hapa Lubumbashi, na miaka miwili mizima sikufanya kitu. Si kusema sikutafuta. Mkubwa mmoja wa siasa alikuwa ameniahidi nafasi katika kabine. Kila nilipoenda kuuliza, kijana wa pale mlangoni aliniambia: "Ngoya kidogo, dosie yako iko ku meza ya mukubwa." Nikangoja. Nikanunua viatu vya kuvaa siku ya kuitwa. Nikakataa staji moja ya shamba sababu niliona aibu, mtu wa lisanse kushika jembe na nafasi yangu "iko njiani". Kisha siku moja mkubwa yule akapoteza kiti, na watu wake wote wakatoka pamoja naye. Dosie yangu sijui ilienda wapi. Labda walifungia karanga.

Ni katika wakati ule nilianza kusoma maisha ya watu walioshika vyeo vya kilimo katika nchi nyingine, nikitaka kujua walipitia njia gani. Ndivyo nilivyokutana na Indiana.

1. Makamu wa gavana ni nani kule?

Marekani ina majimbo 50, na kila jimbo lina gavana wake, bunge lake na sheria zake. Majimbo mengi yana pia makamu wa gavana. Kazi yake haifanani kila mahali. Texas, makamu wa gavana ana nguvu sana sababu ndiye anayeongoza Seneti ya jimbo. California anachaguliwa peke yake, anaweza hata kuwa wa chama kingine na gavana. Indiana, gavana na makamu wake wanasimama pamoja katika kura moja, kwa muda wa miaka 4, na wananchi wenyewe ndio wanapiga kura.

Kwetu Kongo ni tofauti. Katiba ya 2006 inasema gavana na makamu wake wanachaguliwa na wabunge wa jimbo, kwa miaka 5. Basi mkisikia "makamu wa gavana" wa Indiana, msiweke katika kichwa picha ya yule wa kwetu moja kwa moja.

Kitu kilichonishangaza kama agronomu ni hiki: Indiana, sheria inamfanya makamu wa gavana kuwa pia katibu wa kilimo na maendeleo ya vijijini. Yaani si mtu wa kukaa nyuma ya gavana siku ya sherehe na kupiga makofi. Ana idara ya kilimo, ana ofisi ya mambo ya vijiji na miji midogo, ana mambo ya nyumba za watu wa kipato kidogo, na utalii pia ulikuwa kwake wakati ule. Tena ndiye anakalia kiti cha Seneti ya jimbo yenye watu 50, na anapiga kura pale tu kura zikilingana.

Na Indiana si jimbo la mchezo katika kilimo. Ni nchi ya mahindi na soya, ni kati ya majimbo makubwa ya mazao hayo Marekani. Kwa ufugaji wa bata ni ya kwanza kabisa. Kuna wilaya 92, na nyingi ni za vijijini.

2. Miaka 28 kabla ya kura ya kwanza

Ellspermann alizaliwa mwaka 1960, katika mji mdogo wa Ferdinand, kusini mwa Indiana. Alisoma uhandisi wa viwanda katika chuo kikuu cha Purdue, akamaliza mwaka 1982. Kwa wasiojua, uhandisi wa viwanda si kutengeneza mashine. Ni kuangalia kazi inavyotembea: mzigo unaingia wapi, unasimama wapi, mfanyakazi anapoteza dakika ngapi, kwa nini vitu vinaharibika katikati ya njia. Ni elimu ya kupanga kazi.

Alianza kama mwajiriwa. Alifanya kazi kwa Frito-Lay, kampuni ya viazi vya kukaanga vya katika vifuko, na kwa Michelin, ile ya mipira ya gari. Kisha akafungua kampuni yake ndogo ya ushauri, na akaiendesha zaidi ya miaka 20. Wakati huohuo aliendelea kusoma mpaka akapata udaktari wa uhandisi wa viwanda katika chuo kikuu cha Louisville, jimbo jirani la Kentucky.

Sasa, alikuwa anauza nini katika hiyo kampuni? Hapa tukae kidogo. Hakuwa anauza sabuni wala saruji. Alikuwa anauza namna ya kuongoza kikao. Kampuni, chuo au mji ukiwa na tatizo lililoshinda watu, anaitwa. Anakusanya wanaohusika katika chumba kimoja, anawaongoza hatua kwa hatua mpaka watoke na mpango: nani atafanya nini, na mwisho ni siku gani.

Mtu anaweza kucheka: hiyo nayo ni biashara? Hata mimi nilicheka. Nikaacha kucheka siku shamba liliponifundisha.

3. Tatizo ni lipi kwanza?

Njia ile ya kutatua matatizo ina kanuni moja kubwa: usikimbilie dawa. Kwanza kusanya ukweli. Kisha tafuta tatizo lenyewe ni lipi, sababu mara nyingi lile watu wanalolitaja mlangoni siyo. Hapo ndipo watu watoe mawazo, mengi, bila kuchekana. Kuchagua kunakuja nyuma. Na kisha kuchagua, bado kuna kazi ya kuwafanya watu wakubali, sababu mpango mzuri ambao watu wanaukataa ni karatasi tu.

Nitoe mfano wangu. Nilipochoka kungoja, nilianza kusaidia kikundi kimoja cha wakulima kwenye njia ya Kasumbalesa. Kikao cha kwanza, wote sauti moja: "Agronomu, sisi shida yetu ni mbolea. Utuletee mbolea." Nikaandika "mbolea" ku daftari, nikafurahi, nikaona kazi imeisha. Lakini baba mmoja mzee aliyekaa nyuma akasema polepole: "Mimi nilitia. Mifuko miwili. Mahindi yakabaki mafupi vilevile."

Neno lile likanizuia. Tukaenda shambani kwake, tukachukua udongo mahali mbalimbali, tukapima. Asidi yake ilikuwa kali, pH chini ya 5. Wenye kusoma agronomia mnajua maana yake. Udongo wetu mwingi wa Katanga ni mwekundu, mzee, umeoshwa na mvua za miaka na miaka. Ukiwa na asidi namna ile, fosfori unayoitia inashikwa na udongo, mmea hauipati, na alumini inachoma mizizi. Na ukiendelea kutia urea peke yake kila mwaka, unazidi kuongeza asidi. Basi yule baba alikuwa analisha udongo uliofunga mdomo. Shida ya kwanza ilikuwa chokaa. Na chokaa si kitu cha kuagiza ng'ambo, mawe yake yako hapa kwetu, Kakontwe karibu na Likasi.

Kama ningeleta mbolea siku ile, ningepigiwa makofi, na mavuno yangekuwa yaleyale. Ndiyo biashara ya Ellspermann kwa kifupi: kuzuia watu kununua mbolea kabla ya kupima udongo. Alifanya hivyo miaka 20 kwa makampuni na miji, na alilipwa.

Mwaka 2006 akapewa kuanzisha kituo katika chuo kikuu cha Southern Indiana, kule Evansville. Kazi ya kituo ilikuwa kuunganisha walimu na wanafunzi na matatizo halisi ya makampuni, ya serikali za mitaa na ya mashirika ya eneo lile. Hebu fikirieni vyuo vyetu vingekuwa na mlango wa namna ile, ambapo mwenye kiwanda cha unga anakuja na tatizo, na wanafunzi wa mwaka wa mwisho wanalifanyia kazi yao ya kumaliza masomo. Kazi ngapi za kumaliza masomo zinalala na vumbi hapa?

4. Kura ya kwanza, kura ya pili

Mwaka 2010 aligombea kiti cha Baraza la Wawakilishi la Indiana, kwa chama cha Republican. Hakuchagua mpinzani mwepesi. Aliyekuwa na kiti hicho, Russ Stilwell wa chama cha Democratic, alikuwa ndiye kiongozi wa wabunge wa upande wenye wingi. Ellspermann akamshinda. Tuseme ukweli: mwaka ule upepo ulikuwa unavuma kwa chama chake, wakachukua wingi wa Baraza lote. Upepo husaidia, lakini humsaidia aliye na tanga. Alikuwa anajulikana eneo lile kwa kazi, si kwa maneno.

Alikaa bungeni muda mmoja tu wa miaka 2. Mwaka 2012, Mike Pence aliyekuwa anagombea ugavana akamchagua awe mwenzake. Upande wa pili, John Gregg wa Democratic naye alichagua mwanamke, seneta Vi Simpson. Pence na Ellspermann wakashinda, na tarehe 14 Januari 2013 wakaapishwa.

Hakuwa mwanamke wa kwanza katika kiti kile, alikuwa wa tatu. Wa kwanza alikuwa Kathy Davis mwaka 2003, kisha Becky Skillman, kisha yeye. Na aliyeingia mwaka 2017, Suzanne Crouch, ni mwanamke tena. Jambo hili lina maana kwa dada zetu wanaosoma hapa: wa kwanza anaitwa ajabu, lakini wa tatu anaitwa makamu wa gavana, basi.

5. Alifanya nini na kilimo

Katika miaka ile 3, kazi yake ilikuwa zaidi huko nje, katika wilaya, kuliko ofisini Indianapolis. Nitataja mambo mawili tu yanayotugusa.

La kwanza ni alama inayoitwa Indiana Grown, iliyozinduliwa na idara ya kilimo mwaka 2015. Ni alama inayowekwa juu ya bidhaa iliyolimwa au kutengenezwa Indiana, ili mnunuzi dukani aijue, na mwenye duka ajue wapi ataitafuta. Ni kitu chepesi. Lakini angalieni sisi: tunakula bukari kila siku, na unga mwingi unatoka Zambia. Wakulima wetu wa kandokando ya mji wakileta wa kwao, mama wa sokoni hawezi kuonyesha upi ni upi. Mfuko hauna jina. Kitu kisicho na jina hakina wa kukitetea.

La pili ni zawadi ya zamani, ilianza mwaka 1976, inayoitwa Hoosier Homestead. "Hoosier" ni jina ambalo watu wa Indiana wanajiita. Zawadi inapewa shamba ambalo familia moja imelishika miaka 100 au zaidi bila kukatika, na makamu wa gavana ndiye huwapongeza. Si feza. Ni heshima, lakini ili uipate lazima uonyeshe karatasi kwamba shamba lilipita kutoka babu mpaka mjukuu. Mimi nilipoisoma nilifikiri mashamba ya kwetu: babu analima miaka 50, siku moja anakuja mtu na karatasi ya mjini, na familia inatoka. Shamba la miaka 100 linahitaji udongo mzuri, ndiyo, lakini linahitaji karatasi nzuri kwanza.

6. Kuacha kiti

Sasa tunafika mahali penyewe.

Tarehe 2 Machi 2016 Ellspermann alijiuzulu. Muda wake ulikuwa ubaki miezi karibu 10. Alikuwa anataka kuongoza Ivy Tech, chuo cha jimbo lote cha masomo ya muda mfupi na ya ufundi, kilichoanzishwa mwaka 1963. Na hapa angalieni vizuri tarehe: alitoka Machi, lakini wakuu wa chuo walimchagua Mei. Yaani kwa zaidi ya miezi 2 hakuwa na kile cha nyuma, na cha mbele kilikuwa bado hakijawa chake. Nani kwetu angefanya hivyo?

Nafasi yake ikachukuliwa na Eric Holcomb, aliyekuwa ametoka kuacha mbio za kutafuta kiti cha Seneti ya Marekani. Kisha Julai 2016, Donald Trump akamchagua Mike Pence kuwa mgombea mwenza wake. Pence akaacha kugombea ugavana mara ya pili. Chama kikahitaji mtu wa haraka. Kikamchukua nani? Makamu wa gavana. Holcomb, mwenye miezi 4 tu katika kiti, akawa mgombea, akashinda Novemba, akaapishwa gavana Januari 2017, akakaa miaka 8.

Nilipofika hapo mara ya kwanza nilishika kichwa. Miezi 4! Nikasema: mama huyu alikosea hesabu. Rafiki yangu niliyemsimulia akasema vilevile: "Aliacha njia ya ugavana yeye mwenyewe, bure kabisa."

Lakini nikaendelea kusoma. Tarehe 1 Julai 2016 alianza kazi Ivy Tech, mwanamke wa kwanza kukiongoza, na akabaki pale mpaka 2025. Miaka 9. Katika uongozi wake chuo kilibadilisha masomo mengi kutoka wiki 16 yakawa wiki 8. Sababu ni ya kihandisi kabisa. Mwanafunzi wa chuo kile mara nyingi ni mtu mzima, ana kazi, ana watoto. Akisoma masomo manne kwa wiki 16 na mtoto akaugua wiki ya 12, anapoteza yote manne. Akisoma mawili kwa wiki 8, kisha mawili mengine, ajali ya maisha inamchukulia mawili tu, mengine yako mfukoni. Ni swali lilelile la kiwandani: mzigo unaharibikia wapi katikati ya njia?

Hapo ndipo niliacha kumhurumia. Niliona yule mhandisi wa 1982 hakubadilisha kazi hata siku moja. Alibadilisha viti: kiti cha kiwanda, cha kampuni yake, cha chuo, cha bunge, cha makamu wa gavana, cha chuo tena. Kazi yake, kupanga njia ili watu na mizigo wasipotee, aliingia nayo kila mahali na kutoka nayo.

7. Na sisi?

Sitaki kudanganya mtu. Indiana si Haut-Katanga. Kule kuna benki inayokopesha biashara ndogo, kuna barabara, kuna umeme, na ukishindwa kura unarudi nyumbani kwa amani. Tena hata yeye, umakamu aliupata kwa kuchaguliwa na mtu mmoja, Pence, kabla ya wananchi kupiga kura. Kuitwa na mkubwa kupo kule pia. Sisemi tena kwamba siasa ni mbaya. Nchi hii inahitaji maagronomu katika serikali, sababu wasipoingia wao, wataingia wale wanaoleta mbolea bila kupima udongo.

Tofauti ninayoiona ni moja. Pence alipomwita, alikuta mtu mwenye kitu mkononi: miaka 28 ya kazi kabla ya kura ya kwanza. Mimi nilitaka kuitwa na mikono mitupu. Nilitaka kiti kinipe kazi. Ndiyo maana mkubwa yule alipoanguka, mimi nilianguka naye, hata bila kuwa nimepanda. Ellspermann alipotoka katika kiti, alitoka amesimama.

Wale wanaongoja simu, siwacheki, nilikuwa pamoja nanyi. Ila wakati mnangoja, shikeni kitu. Agronomu apime udongo wa jirani. Aliyesoma sheria awasaidie wazee kutafuta karatasi za mashamba. Aliyesoma uchumi awapangie mama wa soko hesabu zao. Kama simu itaita, itakukuta na kitu cha kupeleka. Kama haitaita, basi kitu hicho ndicho maisha yako, na si kidogo.

Yule baba mzee wa njia ya Kasumbalesa alitia chokaa katika nusu ya shamba tu, nusu ingine aliacha, anasema hawezi kuamini kijana wa mjini mara moja. Ni haki yake, na hata ni majaribio mazuri. Mahindi yameanza kutoa maua. Jumamosi ninaenda kuangalia pande zote mbili, na viatu nilivyonunua kwa ajili ya kabine ndivyo ninavyovaa shambani.